Anasikia, Hasikiki: Mkalimani wa Upper Marlboro na Waya Uliokaa Upande

Saa moja na dakika kumi asubuhi, kabla hajatia hata funda la chai mdomoni, Benadetha anavaa hedifoni, anavuta maiki karibu na midomo na kuiambia kompyuta: "Moja, mbili, tatu. Ni mimi. Nasikika?"

Anasimamisha kurekodi, anabonyeza, anajisikiliza. Sauti yake inamrudia, bado nzito kwa usingizi. Anarudia mara ya pili. Mara ya tatu anaigusa kompyuta kwa kidole gumba cha mguu, pale ilipo chini ya meza, halafu anahesabu tena, aone kama mguso huo umeikata sauti.

Haikukatika. Ndipo anakwenda kubandika chai.

"Jirani akinisikia ukutani atasema huyu mama amerukwa na akili," anasema, akicheka kicheko kisichofika machoni. "Aseme. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka."

Benadetha ana miaka hamsini na minne. Ni mzaliwa wa Muleba, mkoani Kagera, na kazi yake ni ukalimani wa simu. Anafanyia kazi sebuleni, katika nyumba ya kupanga nje kidogo ya Upper Marlboro, Maryland. Hospitali au shule popote Marekani ikipata mtu anayejua Kiswahili tu, inapiga kwenye kampuni yake, na simu inamwangukia mkalimani yeyote aliye wazi. Daktari anasema kwa Kiingereza, Benadetha anageuza. Mgonjwa anajibu kwa Kiswahili, anageuza tena. Ndivyo hadi saa tisa alasiri.

Cheti chake kikubwa ni cha darasa la saba. Kiingereza alikiokota hotelini, alikotandika vitanda miaka kumi na minne, vyumba kumi na sita kwa siku. Huko huko alifanya kazi na Wakongo, Wakenya na Warundi, akazoea Kiswahili cha kila mmoja. Alipofanya mtihani wa ukalimani, mara ya kwanza alianguka. Mara ya pili akapita.

Wakati huo goti la kulia lilikuwa limeshasalimu amri, na la kushoto linafuata.

"Hii kazi ya kukaa ndiyo iliyoninusuru," anasema. "Ikiondoka hii, kinachobaki ni vitanda. Na vitanda siviwezi tena."

Analipwa senti hamsini na tano kwa dakika ya kuongea. Dakika za kusubiri hazina malipo. Ila kinachomnyima raha siku hizi si senti, ni alama. Mkalimani akipotea katikati ya simu anawekewa alama moja. Alama tatu ndani ya siku tisini, anafungiwa.

"Hakuna kikao, hakuna pole," anasema. "Unaamka asubuhi, nywila haifungui."

Yeye anazo mbili. Alizipata kwa sababu ya kipande cha waya kisichozidi unene wa kamba ya kiatu.

Mambo yalianza Jumamosi moja ya mwezi wa nane. Kompyuta yake ya mezani, aliyoinunua ikiwa imeshatumika, ilikuwa inavuma kama nyuki. Benadetha aliinama, akachungulia kwenye matundu ya ubavuni, akaona vumbi limelala humo kama blanketi. Mtu aliyelipwa miaka kumi na minne kwa kuona vumbi hawezi kujifanya hajaliona.

Akaizima. Akalegeza skrubu mbili, akatoa mfuniko wa ubavuni, akaingiza bomba la vakyumu, ile mashine ya kufyonza vumbi, kisha akamalizia kwa kitambaa kikavu.

"Nilipangusa kama droo ya hoteli, kona kwa kona," anasema. "Huko chini kwenye kona kitambaa kikanasa. Kuna kiwaya kikachomoka. Nikakirudisha kwa kidole gumba, nikakiambia, haya, kaa hapo. Nikafunga. Sikumwambia mtu."

Hapo ndipo pa kuangalia, msomaji. Haikuwa dhambi kuona vumbi. Kosa lilikuwa kwenye yale maneno mawili ya mwisho.

Jumanne iliyofuata aliingia kazini kama kawaida. Simu ya nne ya siku hiyo, nesi akaanza kuita: "Mkalimani, upo? Mkalimani?"

"Nipo!" Benadetha akajibu. "Nipo, dada, endelea!"

"Mkalimani?" nesi akaita tena, kisha akamwambia mtu aliyekuwa pembeni yake kwamba simu imekufa. Benadetha alisikia hata kalamu ikiwekwa mezani. Alipiga kelele hadi jirani akagonga ukuta. Simu ikakatwa. Jioni ikaja alama ya kwanza.

Alimpigia binti yake, Anna, anayesoma chuo Washington na kuishi na wenzake mtaa wa Shaw. Anna huelewa Kiswahili chote ila hujibu kwa lugha aliyokulia. "Mom, just use your phone," akasema, yaani atumie tu simu yake ya mkononi.

"Ningeweza ningekuwa nakupigia wewe?" mama akamjibu. Kampuni hairuhusu. Simu za wagonjwa zinapita kwenye programu yao ya kompyuta tu, basi.

Akamgeukia Fahmi. Fahmi, Mzanzibari wa miaka thelathini na moja, hufanya kazi ya kusaidia watu wenye matatizo ya kompyuta katika chuo kikuu kimoja karibu na Fairfax, na mwishoni mwa wiki huwatengenezea Waswahili wenzake kompyuta zao. Benadetha akamtumia ujumbe wa sauti: "Fahmi, mwanangu, kompyuta imeniharibikia. Simu zinaingia, lakini sisikiki. Nisaidie, baba."

Sisikiki. Yaani, watu hawanisikii.

Fahmi aliufungua ujumbe huo akiwa kantini, sinia zinagongana na wanafunzi wanacheka. Yeye akasikia: sisikii. Yaani, mimi siwasikii watu.

Silabi moja imemezwa na sinia, na tangu hapo kijana wa watu akawa anatibu sikio, wakati mgonjwa ni mdomo.

Alimpigia adhuhuri akamwongoza hatua kwa hatua. Bonyeza kile kipicha cha spika pale kona ya chini. Chagua hedifoni. Pandisha. Zima, washa.

"Haya, Mama Anna, sasa unasikia?"

"Nasikia, baba."

"Alhamdulillahi. Ishapona hiyo. Kwani kuna mtu kaifungua?"

"Hapana," Benadetha akasema.

"Nilisema hapana haraka kuliko nilivyotaka," anakumbuka. "Niliona aibu. Nitamwambiaje mtoto yule kwamba nimeingiza vakyumu kwenye kompyuta?"

Na kwa bahati mbaya, ikapona kweli. Siku tatu watu walimsikia bila shida. Siku ya nne goti lake likagonga kasha la kompyuta chini ya meza, sauti ikaondoka. Fahmi akasema basi hedifoni imekufa, nunua nyingine. Akanunua, dola arobaini na mbili, ambazo kwake ni dakika sabini na sita za kuongea bila kumeza mate. Ikafanya kazi wiki nzima. Akamshukuru Mungu, akaitupa ile ya zamani, ambayo haikuwa na kosa lolote.

Alama ya pili ilikuja Alhamisi moja ya mwezi wa tisa. Mpigaji alikuwa mwanamke wa Kikongo, yuko kwa daktari. Zaidi ya hapo Benadetha hasemi, na haruhusiwi kusema. "Ninachosikia kwenye simu kinabaki kwenye simu," anasema.

Ila neno moja analisema, kwa kuwa anaona halikuwa la ugonjwa, lilimlenga yeye mwenyewe. Katikati ya maelezo ya daktari, sauti ya Benadetha ilikatika. Daktari akaita. Kimya. Yule mwanamke naye akaita: "Mama, uko? Mama?" Benadetha akamjibu, akamjibu tena, akaivuta ile maiki hadi ikamgusa jino. Upande wa pili hakikufika hata kikohozi.

Ndipo yule mwanamke akasema taratibu, kama anajisemea mwenyewe: "Basi. Ata uyu ameninyamazia."

Benadetha anapolisimulia hili anavua miwani na kuipangusa, ingawa ni safi.

"Alidhani nimemsusa," anasema. "Alidhani nimesikia shida yake nikanyamaza kusudi. Na mimi namsikia anavyopumua. Bora ningekuwa siwasikii kabisa, wote tukawa viziwi."

Hakula siku hiyo. Jioni alimpigia Fahmi, na safari hii hakutuma ujumbe. "Njoo," akamwambia. "Njoo uione kwa macho yako."

Jumapili mchana Fahmi akavuka daraja la mto Potomac, akakwama kwenye foleni ya barabara ya Beltway karibu saa nzima, akafika na mkoba wake mdogo wa bisibisi.

"Shikamoo, Mama Anna."

"Marahaba, baba. Kaa, nikupe chai kwanza."

"Chai baadaye. Hebu vaa hiyo hedifoni, useme kitu." Akampigia kupitia kompyuta kwa simu yake, akaiweka sikioni. Benadetha akasema. Fahmi akamtazama midomo inavyokwenda, simu kimya.

"Mama Anna, wewe unanisikia?"

"Nakusikia! Tangu mwanzo nawasikia wote!"

"Sasa mbona uliniambia husikii?"

"Nilikwambia sisikiki!"

"Ulisema husikii, bibi wee. Ninao ujumbe hapa." Akautafuta, akaufungua, wakainama wote juu ya simu kama wanaochungulia kisima. Sebule ilikuwa tulivu, hakuna sinia. *Simu zinaingia, lakini sisikiki.* Akaurudia. Akaurudia tena.

"Wallahi, umesema sisikiki," Fahmi akasema. Akakaa chini kwenye zulia. "Wiki zote hizi nakutia dawa ya sikio."

"Na mie nilikuwa nameza tu," akajibu Benadetha, na kwa mara ya kwanza tangu Alhamisi wakacheka.

Alichofanya Fahmi baada ya hapo kilichukua dakika kumi. Aliichomoa hedifoni kwenye matundu ya mbele, akaivuta kompyuta kutoka ukutani, akaichomeka nyuma: plagi ya kijani kwenye tundu la kijani, ya pinki kwenye la pinki. Benadetha akasema moja, mbili, tatu. Sauti ikaingia kwenye simu ya Fahmi, safi kama maji ya mtungi.

"Basi hedifoni ni nzima, maiki ni nzima, kompyuta ni nzima," akasema. "Ugonjwa uko kati ya matundu ya mbele na ndani. Ya nyuma yameungwa kwenye bodi yenyewe, ule ubao mkuu wa ndani. Ya mbele yanategemea waya." Akamtazama. "Mama Anna, nakuuliza tena. Kuna mtu kaifungua?"

Benadetha akatazama dirishani.

"Ni mimi," akasema. "Niliona vumbi."

Fahmi hakumgombeza. "Mficha uchi hazai, mama yangu," akasema tu, akaichomoa kompyuta kwenye umeme na kutoa mfuniko.

Kiwaya kilikuwa pale pale kwenye kona, kimekaa upande kwenye pini zake. Nusu imezama, nusu imening'inia. Nusu iliyozama ni ya kupeleka sauti masikioni. Iliyoning'inia ni ya maiki, na kila goti lilipogonga, iligusa au iliachia. Fahmi akakitoa, akakinyoosha, akakisukuma kwa vidole viwili. Kikalia: tak.

"Ni huo mlio tu?" Benadetha akauliza.

"Ni huo tu."

Watu wengi wangeishia hapo kwa furaha. Benadetha alichoka zaidi, kwa kufikiri kwamba kiwaya hicho tu ndicho kilichomfanya yule mwanamke aone amesuswa. Alikwenda jikoni, akasimama mbele ya sufuria ya chai bila kuwasha jiko, hadi Fahmi akamfuata kuuliza kama yuko salama.

Kampuni ilikataa kumfutia alama, ingawa Fahmi aliandika barua ya kueleza tatizo. Zimebaki siku kumi na tisa ile ya kwanza ifikishe siku tisini na kufutika yenyewe. Amezizungushia duara kwenye kalenda ya ukutani, na kila asubuhi anafuta moja. Hedifoni sasa anaichomeka nyuma. Kasha amelisogeza mbali na goti.

Kwenye karatasi iliyobandikwa juu ya meza ameandika mambo kwa mkono wake, na ametuma picha ya karatasi hiyo kwa wakalimani wenzake. La kwanza: sema ulichokigusa, hata kama ni aibu. La pili: kabla ya kununua kitu, jaribu matundu ya nyuma. La tatu: usiseme "sauti imeharibika", sema nani hamsikii nani. Kuhusu vakyumu ameandika neno moja kwa herufi kubwa: USITHUBUTU.

"Anna nimemwambia na haya," anasema. "Kila saa ana vitu masikioni barabarani, hasikii gari, hasikii mtu. Nikamwambia, mwanangu, usingoje uite halafu pasiwe na wa kukujibu. Akasema, okay, Mom. Sijui kama alisikia."

Siku kumi na tisa zikiisha salama, ana mpango wa kuomba simu za hospitali peke yake, zile wengine wanazozikimbia kwa uzito wake. Anajua simu hugawiwa ovyo na kwamba huenda yule mwanamke wa Kikongo hatampata tena maishani. Hata hivyo anataka awe anakaa mahali ambapo simu yake inaweza kuangukia.

Saa mbili kasoro dakika tano. Chai imebaki nusu kikombe. Kompyuta inalia, Benadetha anabonyeza. Anataja namba yake ya ukalimani, anamsalimu daktari, kisha anamwongezea mgonjwa maneno ambayo hayamo kwenye kanuni za kampuni.

"Mama, niko hapa. Ninakusikia. Wewe unanisikia?"

Inapita nusu sekunde. Hiyo nusu sekunde, anasema, humchosha kuliko saa zote zinazofuata. Ameshika ukingo wa meza kwa mikono miwili.

"Ndiyo, mama," sauti inajibu kutoka mbali. "Nakusikia."

Benadetha anaachia meza, anaanza kazi.