Sinema Nilimomtaja Mama

Kazi yangu kwenye sinema ilikuwa kufa. Nimekufa mara nne. Wazungu walikuwa wakija nyikani chini ya Same kupiga picha za wawindaji na hazina zilizofichwa, na mimi, kwa urefu wangu na kujua kubeba sanduku kichwani bila kulishika, nikawa mpagazi. Mpagazi hafiki mwisho wa sinema. Ukishaliwa na mamba, kesho usije. Sikujali hata kidogo, maana madukani hapakuwa na sukari wala sabuni, na kambini kwao vilikuwepo.

Mara ya nne nilipewa maneno. Majambazi wanamfunga mpagazi kwenye mti, wanataka awaambie hazina iko wapi. Mkubwa wa sinema akaniambia kupitia mkalimani niseme kwa lugha ya kwetu, chochote kile, mradi nionekane naogopa. Basi jambazi, jitu la miraba minne, akaniwekea panga shingoni. Panga la kweli, jamani. Yote niliyojiandalia yakapotea, nikasikia mdomo wangu ukisema kwa Kipare: "Msiniue, si mimi, ni mama. Sabuni na mafuta viko chini ya kihori cha ng'ombe."

Ilikuwa kweli tupu. Mama alikuwa akiuza vitu vya magendo kutoka ng'ambo ya mpaka, kimya kimya, huko kwetu mlimani, na siku mbili kabla tulikuwa tumevifukia pamoja. Mkubwa alifurahi, akanipa mkono. Nikajipoza: huko Ulaya nani anajua Kipare?

Muda si mrefu ikaanza operesheni ya wahujumu uchumi. Mtu alikamatwa kwa debe moja la mafuta. Na katikati ya hayo gari la sinema likaingia Same, limebeba sinema ile ile. Mama aliposikia mwanawe yumo, akashuka mlima na kitenge chake cha kanisani, nusu ya kijiji nyuma yake. Nilimsihi asiende, nikamwambia sinema yenyewe mbovu. Akacheka, akasema niache maringo. Kumwambia ukweli sikuthubutu, na vitu bado alikuwa akivificha pale pale chini ya kihori.

Ilioneshwa mchana, ukumbini, madirisha yamezibwa kwa magunia. Safu ya mbele alikaa ofisa wa operesheni, mtu wa Kanda ya Ziwa, na ubavuni mwake mwalimu mkuu wetu, Mpare kama sisi. Mimi nilisimama mlangoni. Nilishaona pingu mikononi mwa mama.

Sauti yangu ikajaa ukumbi mzima. Hakuna aliyecheka, hakuna aliyekohoa. Ofisa akamwinamia mwalimu, akamuuliza yule anasema nini.

"Anamwomba Mungu wake," mwalimu akasema.

Ofisa akatikisa kichwa, akasema maskini, huyu anaogopa kweli.

Tulipanda mlima bila mtu kunisemesha. Tulipofika nyumbani mama hakubadili hata kitenge. Akachukua jembe, tukafukua. Mimi nilikuwa naomba radhi, najieleza habari za panga. Aliniacha nimalize.

"Kamba yenyewe ilikuwa ya kuigiza, mwanangu," akasema. "Wakija na za kweli je?"

Kisha akaniambia niingie ndani, akaenda kuvificha upya peke yake.

Hakukamatwa. Operesheni ikapita, biashara zikafunguliwa, sabuni ikapangwa barabarani Same hata anayetaka asiione ataiona. Nami sikurudi kwa Wazungu. Mama aliishi miaka mingi baada ya hapo, tukala pamoja, tukacheka pamoja, lakini hakunionesha tena mahali anapoweka kitu. Alipofariki, nguo aliyojiwekea ya kuzikiwa tulioneshwa na jirani.