Pole ya Mzee Lambert

Shoga yangu Placida haambiliki. Wenzake wanaohudumia wazee majumbani hapa ughaibuni, Lewisham, hupika, huogesha, wakaenda zao. Yeye lazima ajue kinachomsumbua mtu moyoni.

Mzee Lambert, Mwingereza wa miaka tisini na tisa, hukosa raha kila ifikapo Agosti. Mwaka huu akagoma kula kabisa. Placida akambana mpaka akasema. Ujanani alikuwa askari, yuko melini akipelekwa kupigana na Wajapani, ikaja habari kwamba bomu la atomiki limeangushwa Hiroshima. Siku chache baadaye vita vikaisha.

"Tulicheza dansi sitahani mpaka miguu ikavimba," alisema. "Uamuzi ule ndio ulionirudisha kwa mama yangu. Mpaka leo siwezi kusema ulikuwa mbaya. Lakini mlango wa pili hapo anakaa Fumie, bibi wa Kijapani, na nasikia dada yake aliungulia kule. Miaka yote nampita kwenye korido nikitazama viatu vyangu. Nitakufa sijamwangalia usoni."

"Kumbe jirani ana msiba na hujaenda!" Placida akang'aka. "Mzee, kwetu Bukoba aliyechelewa bado huenda, hata kama kaburi limeota majani. Haulizwi alikuwa wapi."

"Nikamwambie nini?"

"Pole. Halafu unakaa. Mengine atasema mfiwa."

Basi akamvalisha koti, mwenyewe akajifunga kanga, akabeba mchele na sukari kama wafanyavyo kwao. Aliponisimulia nilicheka: kumpelekea Mjapani mchele, na sukari kwa bibi mwenye kisukari! Ndiyo Placida huyo.

Fumie alifungua mlango. Mzee Lambert, akiegemea mkongojo wake, akamwangalia usoni.

"Nimechelewa sana," alisema. "Nimekuja kukupa pole ya dada yako. Mimi nilikuwa mmoja wa waliofurahi."

Bibi yule akasogea kando kuwapisha. Kisha akaupokea mfuko wa mchele kwa mikono miwili, akawavutia viti.

"Aliitwa Yoshie," akaanza. "Asubuhi ile kabla ya kwenda mjini aliazima kitana changu. Akaniahidi atakirudisha jioni."

Alisimulia hadi mwisho. Alipomaliza akaenda jikoni, akapika mchele ule ule. Mzee Lambert alikula bakuli zima, machozi yakimtiririka, na hakuna aliyemwambia anyamaze.