Minazi Isiyokuwepo

Ukitaka kumtibua Bi Mwanakhamis, mtajie mnazi.

Anafanya kazi chumba cha kumbukumbu katika hospitali moja ya mjini, kichumba cha nyuma ya maabara chenye feni linalozunguka kwa kusuasua. Kazi yake ni kuyageuza maumivu ya watu yawe namba. Kila jeraha hulitilia misimbo miwili kwenye kompyuta: mmoja wa kilichovunjika, mmoja wa kilichovunja. Mguu una wake, mbavu zina wake. Kuanguka mtini kuna wake, pikipiki ina wake. Mwisho wa mwezi namba hizo huenda kwa wakubwa, nao ndio wanaoamua daktari wa mifupa apelekwe wapi na barabara gani itiwe matuta.

Sasa tazama balaa. Aliyepata ajali ya barabarani huulizwa karatasi ya polisi. Ukimwendea polisi, pikipiki inabaki kituoni. Kwa hivyo watu wamejitafutia njia yao: wakifika tu mapokezi, "Kaanguka mnazini." Mapokezi wanaandika, daktari ana foleni mpaka uani, anapitisha. Na Bi Mwanakhamis haruhusiwi kuandika anachokijua; anaandika kilichoandikwa.

"Hivi Mansour," humfokea mwenzake wa meza ya pili, "sokoni Darajani kuna minazi mingapi?"

"Labda wanapanda nguzo za umeme, Bi."

"Cheka tu! Mwaka jana tumeomba matuta kule Bububu, mbele ya skuli. Tumejibiwa nini? Namba hazionyeshi kama pikipiki zinaumiza watu. Eti vijana washauriwe wapunguze kupanda minazi!"

Jumatatu moja asubuhi akafungua faili lililoshuka kutoka wodini. Mgonjwa ni msichana, mwanafunzi. Mguu wa kulia umevunjika chini ya goti, na kwenye shavu la mguu huo huo pana alama ya kuungua, kama ya mtu aliyeegemea bomba la moshi. Pahala: Bububu, mbele ya skuli. Sababu: kaanguka mnazini.

Msichana! Tangu lini mtoto wa kike wa Unguja, na ushungi wake, akapanda mnazi? Na mnazi gani huo unaounguza? Alikwisha fumbua mdomo amwite Mansour aje ashuhudie, ndipo macho yakatua kwenye jina. Ummy. Binti wa mdogo wake, Tabia. Aliyemleta: Simai, kitinda mimba wao, dereva wa bodaboda.

Hakumwita mtu. Alipanda ngazi na faili kwapani.

Wodini Ummy amelala, mguu umefungwa plasta. Tabia kakaa pembeni ya kitanda anammiminia chai. Simai kasimama dirishani, suruali imechanika gotini.

"Shikamoo, dada," akasema bila kumtazama.

"Marahaba. Huo mnazi ulikuwa na magurudumu mangapi?"

Ummy akacheka, kicheko kikamuumiza, akauma mdomo.

"Dada, mimi nshazoea kusikia watu wanasema hivyo," Simai akajitetea. "Nnafika mlangoni, nshasema. Hata sikukumbuka kama ni mtoto wa kike."

"Lakini pikipiki uliikumbuka!"

"Ile ndiyo riziki yangu. Wakiichukua n'le nini?"

"Na helmeti ya mtoto ilikuwa wapi?"

"Alisema itamvuruga ushungi."

Tabia akaingia kati. "Dada, jambo lishakuwa. Huyu mdogo wetu, unataka alale ndani? Andika mnazi yaishe."

Hapo ndipo damu ilipompanda kichwani.

"Yaishe kwa nani? Ameanguka wapi huyu? Si pale pale mbele ya skuli, nilipoomba matuta mpaka sauti ikanikauka? Kesho ataanguka mwengine, na mimi niandike nazi! Tena leo mnataka nimwandikie uongo mtoto wangu mwenyewe!"

Daktari Talib, kijana aliyeshika wodi siku ile, akasogea kusikiliza kelele za nini. Bi Mwanakhamis akarudi nyuma hatua moja. Si yake kusema. Anayesema ni mgonjwa au aliyemleta. Akamkodolea macho Simai. Simai akageukia dirisha, kama kwamba nje kuna harusi.

"Dokta," Ummy akasema, "mimi mnazi sijapanda tangu kuzaliwa. Mjomba alikuwa anashindana na mwenzake. Nilimwambia punguza, akanambia nishike vizuri."

Mashindano! Hilo hata Bi Mwanakhamis hakulijua.

Talib akakata mstari, akaandika upya, akatia saini. "Karatasi ya polisi itahitajika," akasema.

"Ummy, umeniuza?" Simai akauliza.

"Umenivunja mguu, mjomba."

Simai akatoka bila kuaga. Tabia akaifunga chupa ya chai kwa nguvu. "Na wewe usije kwangu," akamwambia dada yake. "Usikanyage."

Bi Mwanakhamis akashuka, akaandika msimbo wa pikipiki. Akakosea mara mbili, akafuta, akaandika tena.

"Ni mmoja tu, Bi," Mansour akasema polepole. "Kwa mmoja hawatii matuta."

"Najua."

Akavuta faili lililofuata. Mwanamme, dereva, bega limetoka, kaanguka mnazini. Pahala: Malindi, mjini.

"Huyu bado yumo wodini?"

"Yumo. Kwani vipi?"

"Kitanda gani?" akauliza, naye keshasimama.