Sikio la Mama Huruma

Wifi yangu Anastasia, Mama Huruma, ana wivu, na sisemi hivi kumsengenya, maana nimeshamwambia usoni. Kaka yangu Alfredi alimwoa kule Lukuledi akamleta kwetu Lisekese na sanduku moja na macho mawili yasiyolala. Akisikia kaka kasalimiwa na muuza maandazi, atataka kujua tangu lini maandazi yanauzwa pamoja na salamu. Wanasema wivu ni kidonda. Wifi yangu kidonda chake anakitunza, anakiosha, anakifunga kitambaa safi.

Kaka ana pikapu, na hiyo pikapu ndiyo inayotulisha. Msimu wa korosho inabeba magunia. Msimu ukiisha inapandisha mchele na sabuni Newala na kurudi na makopa ya muhogo. Wifi huuza vitenge huko juu, kwa hiyo karibu kila safari yumo, kiti cha kushoto, kapu lake miguuni.

Mwaka huu korosho zilipoanza kuanguka, gari likaanza kuvuma kwa nyuma. Halikugonga, lilivuma tu, uuuu, kama mzinga wa nyuki ulio mbali. Kaka akalipeleka kwa fundi mmoja wa Masasi, akasema ni propela, ile fimbo ya chuma inayopeleka nguvu nyuma, akabadilisha krosi, kiungo chake. Akalipeleka kwa mwingine, akasema ni matairi. Mvumo ukabaki palepale. Ndipo mtu akamwambia Newala yuko fundi mwanamke, Mwanne, ambaye husikiliza difu kwa mchi wa kutwangia.

Difu ni lile bakuli la chuma katikati ya ekseli ya nyuma, lenye gia zinazogawa nguvu kwa magurudumu mawili. Mimi nilikuwa sijui hata kama lipo. Nililijua kwa sababu kaka aliporudi kutoka kwa Mwanne mara ya kwanza, hatukula kwa amani tena. Mwanne kasema difu ikila meno huimba ukikanyaga mafuta. Mwanne kasema ukiachia hubadili wimbo. Mwanne kasema nirudi na gari tupu, alisikilize vizuri.

"Na ugali je?" wifi akauliza. "Mwanne kasema upoe?"

Baadaye akanifuata jikoni. "Wifi, mwanamke anayelala chini ya gari la mume wa mtu anatafuta nini kule chini?"

"Oili," nikamjibu.

Hakucheka. Siku ya kurudi kwa fundi alivaa kitenge chake kipya, akaketi kwenye kiti chake, na mimi nikachukuliwa kuwa shahidi. Nilikaa nyuma, mgongo kwenye kibini, karibu na kidirisha kisicho na kioo. Tulipoanza kupanda zile kona za kuingia uwanda wa juu, nikamwona wifi anafanya jambo. Kila kona ya kushoto anainamisha kichwa. Kona ya kulia, anakaa sawa.

Tuliposhuka Newala nikamvuta pembeni. "Unasikiliza nini?"

"Kushoto linalia zaidi, kulia linatulia," akasema. "Hiyo si difu. Ni beringi ya gurudumu la kulia. Tukikata kushoto, mzigo wote wa gari unaliangukia lile la kulia, ndipo linapopiga kelele."

"Mwambie kaka!"

"Ana Mwanne wake."

"Wifi, gurudumu likichomoka kwenye mteremko?"

"Hatutateremka nalo. Nataka huyo mtu aseme difu, aifungue, akute nzima. Aaibike mbele ya kaka yako. Halafu nitasema."

Nilimwona ana kichaa. Lakini mimi nami napenda kuona mambo, nikafunga mdomo.

Wifi alikuwa amejiandaa kukutana na wanja na manukato. Akatoka mwanamke wa rika letu, kilemba kichwani, kanga juu ya suruali ya kazi, oili mpaka kwenye nyusi. Hilo likamuudhi zaidi, kwani mwanamke wa wanja angejua pa kumshikia.

"Karibuni. Ndiye mama mwenyewe?" Mwanne akauliza.

"Ndiye mwenyewe," wifi akajibu, na hilo neno la mwisho akalikanyaga kwa mguu wote.

Mwanne akapanda nyuma nilipokuwa mimi. Akasimamisha mchi juu ya ekseli, ncha moja kwenye bati, nyingine sikioni, akafumba macho. Wengine hutumia bisibisi ndefu. Yeye anasema mti mkavu hauongopi. Kaka akaondoa gari.

"Kanyaga!" Kaka akakanyaga. "Achia!" Akaachia.

Wifi akageukia kidirishani, macho yamemwiva. "Mimi nikimwambia punguza mwendo hasikii. Huyu akisema achia, anaachia."

Tukaenda na kurudi mara kadhaa. Huko juu barabara imenyooka na pametulia kama mkeka, wala hatukukata kona hata moja ya maana. Kisha Mwanne akapiga jeki, akaingia chini, akaweka mchi huku, akauweka kule. Alipotoka alikuwa amekunja uso.

"Difu ingebadili sauti akiachia, na hii haibadiliki. Lakini katikati ndiko ninakoisikia. Au inatoka pembeni inatembea kwenye ekseli?" Akamgeukia wifi. "Mama Huruma, wewe ndiye unayekaa humu kila siku. Linalia zaidi wapi?"

Nikamtazama wifi. Sasa, mama, sema.

"Mimi ni abiria tu," akasema.

"Usimsumbue huyo," kaka akasema, hata hakugeuka. "Gari hajui. Anajua vitenge."

Uso wa wifi ukawa mgumu. Mwanne akafuta mikono taratibu.

"Basi tushushe difu tuone. Si kazi ya leo wala kesho, na msaidizi wangu kaenda msibani. Baba Huruma utabaki hapa unishikie vyuma. Chumba kipo kwa shangazi yangu, hapo nyuma."

Kaka akasema hamna shida. Alisema haraka mno, hata mimi dada yake nilisikia.

"SI DIFU!"

Gereji nzima ikageuka. Wifi alikuwa amesimama, kapu limeanguka, vitenge viko kwenye oili. "Si difu! Ni gurudumu la kulia! Kona ya kushoto linalia, kona ya kulia linanyamaza! Habaki mtu hapa!"

Kaka akacheka. Mwanne hakucheka. Alihamisha jeki kulia, akashika tairi juu na chini, akalitikisa. Likacheza kama jino la mtoto. Akafungua, akachomoa ekseli, akatoa beringi na kuiweka juu ya kitambaa mbele yetu. Gololi zilikuwa nyeusi, nyingine zimepasuka.

"Na magunia mgongoni, hii isingefika chini ya mteremko," akasema. Akamtazama wifi muda mrefu. "Una sikio, dada. Mimi nisingeipata hii bila kushuka kwenye kona."

Wifi alikuwa amengoja kumwona akiaibika. Sasa alipewa sifa, na sifa ya mtu unayemchukia haina pa kuwekwa. Akainama akaanza kuokota vitenge.

Beringi mpya ilipatikana palepale mjini, na jua likiwa bado juu tukaanza kuteremka. Gari lilikuwa kimya. Kona ya kushoto, kimya. Kona ya kulia, kimya. Mimi huku nyuma, kidirishani, nikasikia kila kitu.

"Ulijua," kaka akasema.

"Nilijua."

"Tangu lini?"

"Tangu magunia ya kwanza."

"Na hukuniambia? Tungekufa, Mama Huruma!"

"Nilikuambia." Sauti yake haikuwa na hasira tena, na ndiyo iliyoniuma. "Hapahapa, kwenye kona hii. Nilisema, Baba Huruma, mbona linalia kushoto tu? Ukaongeza redio."

Kaka akabadili gia.

"Ukamuuliza fundi wa kwanza. Ukamuuliza wa pili. Ukapanda mpaka Newala kumuuliza Mwanne, ukarudi unamtaja mpaka kwenye ugali. Mimi nimekaa hapa miaka yote, goti langu linagusa gia yako. Wewe unadhani naona wivu wa nini?"

Kaka alinyoosha mkono kuelekea redio, halafu akaurudisha kwenye usukani.