Chungu Kinachofunika Moshi

Kazi yangu ni kuchoma dhahabu. Wachimbaji wa Nizi wanaleta Bunia vidonge vyao vyeupe, dhahabu iliyoshikana na zebaki. Mimi naviweka juu ya makala ya moto mpaka zebaki itoke kwa moshi, dhahabu ibaki yenyewe, ya njano. Kibanda changu kimegusana na nyumba. Moshi ule ulikuwa unaingia chumbani kwa mutoto.

Binti yetu alianza kukohoa, kisha mikono ikaanza kumtetemeka. Muganga wa dispanseri hakuzunguka: "Ni moshi wa kazi yako, papa." Mke wangu hakupiga kelele. Alifunga nguo zake na za mutoto, akapanda gari ya Mahagi, kwao. Mlangoni akasema, "Siku moshi itaisha, tutarudi. Mbele ya ile siku, usinitumie muzee wa kunibembeleza."

Nilikwenda kwa fundi wa kuchomelea vyuma, akanitengenezea chungu chenye kifuniko cha kukaza na bomba refu linaloelekea kwenye ndoo ya maji. Bomba nalizungushia kitambaa kibichi. Moshi unapita mle, unapoa, unarudi kuwa zebaki, unadondoka ndooni. Siku ya kwanza nilipoiona ikijikusanya chini ya maji, inang'aa, nilipiga makofi peke yangu. Kumbe hii yote tulikuwa tunaivuta kifuani!

Nikampigia simu mke wangu, nikamwelezea chungu. "Maneno," akasema. "Maneno hayajakuishia siku hata moja." Akakata.

Kwetu huku, dhahabu ya mutu inachomwa mbele ya macho yake. Mwenyewe anachuchumaa karibu na moto, hapepesi mpaka njano itokee. Sasa mimi nikawafunikia. Weee!

"Muzee, fungua tuone."

"Nikifungua, moshi inatoka."

"Moshi itoke! Dhahabu ndiyo isitoke!" Wakacheka. Mwingine hakucheka. "Moto bila moshi ni uchawi. Mwenye macho haambiwi tazama, na weye unatufunga macho."

Nikaleta mizani, nikapima mbele yao. Uzito ulikuwa umepungua, maana zebaki imetoka, kama ulivyopungua miaka yote juu ya makala. Wakatazamana kama watu walionasa mwizi. Siku ile nilitamani kuwapiga na kile chungu. Wapumbavu! Mmoja mmoja wakahamia kwa mchomaji wa kule sokoni, anayechoma wazi.

Hasira iliisha, ukabaki ukimya. Asubuhi nafagia kibanda ambacho hakuna aliyekichafua. Napika chai nyingi kwa mazoea, naimwaga. Nilikosa hata mutu wa kunitukana. Upweke ule, Mungu wangu, sikujua unaweza kumkamata mutu mzima katikati ya mji.

Aliyebaki alikuwa rafiki yangu mmoja, mchimbaji aliyetoka kule Fataki. Ndugu zake wametawanyika kwa vita, na tulikuwa tumekula sahani moja mara nyingi. Akaja na kidonge chake, akaketi. Nilifurahi mpaka nikaona haya.

"Kaka, fungua leo tu. Nani atajua?"

Nilitaka abaki. Mkono wangu ulishika kifuniko, ukaanza kukilegeza. Kisha nikakikaza tena.

"Siwezi, ndugu yangu."

Akainuka, akaenda bila kuaga.

Jioni ile simu ikalia. Mke wangu. Akasema mikono ya mutoto imetulia kidogo, anashika kikombe. Halafu akauliza, "Nani iko pale na weye?"

"Hakuna mutu."

"Weka simu juu ya meza. Usiseme kitu."

Nikaiweka. Alikijua kibanda changu: saa zile wachimbaji walikuwa wanabishana mpaka giza. Pikipiki ikapita njiani, ikaishia mbali. Nikasimama naitazama simu, naomba asikate.

"Kweli hawako," akasema mwishowe.

"Wameenda wote."

"Sababu ya kile chungu?"

"Ndiyo, mama."

Nikasikia analia, na mimi machozi yakanitoka.

"Basi, kesho tunapanda gari."