Dakika Ishirini za Verlin Steinke

Verlin Steinke wa Lima, Ohio, alikuwa mtu wa maneno machache na injini nyingi. Karakana yake ilikuwa nyuma ya nyumba, na magari yaliyoletwa humo ni yale ya miaka ya sitini, yenye boneti ndefu na kiu ya petroli isiyo na haya. Watu walitoka hata Kentucky kumfuata. Lakini umtake aseme "nakupenda"? Ah, hapo ungemtesa bure. Darla, mkewe, aliishi naye miaka arobaini na moja na neno hilo hakuwahi kulisikia.

Verlin alikuwa na sheria moja. Injini mpya ikiwashwa mara ya kwanza, inanguruma kwa kasi dakika ishirini mfululizo, haizimwi. Ukiizima mapema, kemshafti, kile chuma chenye vinundu kinachofungua valvu, inalika kabla haijazoeana na wenzake. Jiko la Darla liliwahi kushika moto dakika ya tisa. Verlin alimpungia mkono tu kwamba moshi ameuona. Binti yao Rhonda alipotaka kuzaliwa, Darla alikaa garini na uchungu wake akisubiri dakika nne zilizobaki. Mwanamume gani huyo, jamani!

Jumamosi moja asubuhi akawasha injini ya Pontiac ya mwaka sitini na tisa, kazi iliyomla majira yote ya baridi. Ilinguruma mpaka madirisha ya jirani yakatetemeka. Verlin kaikodolea macho saa ya ukutani, raha imemjaa. Dakika ya nane Darla akaingia, taulo la vyombo begani, akampigia kelele sikioni.

"Mzee! Pete yako ya ndoa iko wapi?"

Verlin akatazama kidole. Kitupu. Kila siku aliivua kabla ya kazi, maana pete ikinaswa huondoka na kidole, akaitundika kwenye msumari wa mlangoni. Msumarini hapakuwa na kitu. Akakumbuka alivyomimina mafuta kwa pupa asubuhi ile, akiwa ameinamia tundu wazi la injini, labda bila kuivua.

"Mungu wangu, isije ikawa imo humu ndani!"

"Basi ngoja imalize dakika zake," Darla akasema. "Dhahabu ni laini, injini haitaumia. Si sheria yako?"

"Sheria gani! Itasagika, mama! Pete ulinivisha wewe!"

Akazima.

Kukawa kimya mpaka mbwa wa jirani akasikika. Darla akafumbua kiganja. Pete ilikuwa humo.

"Niliitoa msumarini ulipokuwa ukimimina mafuta. Nilitaka kuona tu."

"Darla! Wewe mwanamke utanizika mzima!"

"Dakika ya nane, Verlin," akasema, machozi yanamlengalenga. "Umezima dakika ya nane."

Kemshafti ililika kweli, kwenye kinundu cha tatu. Verlin aliifungua injini upya, akinung'unika wiki mbili, akataka kuitupa ile mbovu kwenye vyuma chakavu. Thubutu! Darla alimpokonya, akaiosha kwa sabuni ya vyombo, akaitundika sebuleni kando ya picha ya harusi. Mgeni akiuliza ni dude gani lile, Verlin huinuka, masikio mekundu, akakimbilia karakana.

"Barua ya mume wangu," Darla hujibu. "Aliniandikia hiyo moja tu. Sogea, uisome pale kwenye kinundu cha tatu."