Vipimo vya Mama

Pasi ilimuunguza Pindo kidole gumba alipokuwa akilaza kola ya shati la mteja. Hakulia. Alikichovya kidole kwenye maji, akamaliza kola, akahamia mikono ya shati. Kilio kilikuja jioni, ngozi ilipokwisha kuvimba lengelenge: aliweka kidole kwenye simu yake na simu ikamkana. Akarudia mpaka ikakikataa kidole kabisa, ikadai namba ya siri.

Wateja ndio waliomwita Pindo, kwa sababu mapindo yake hayafumuki. Alishona chumba kimoja na mwenzake waliyemwita Redio, na Redio ndiye aliyesababisha namba ibadilishwe. Alikuwa akiijua ile ya zamani. Siku moja Pindo alitoka kununua vifungo. Kurudi, akamkuta Redio amewafungulia wateja sauti ambazo mama yake Pindo humtumia, na watu wanacheka hadi kushika mbavu. Mama yule alikuwa na ulimi. Alisimulia paka wa jirani kama anasimulia kesi ya mauaji.

Pindo alinuna, akabadilisha namba palepale. Mezani palikuwa na gauni la mama yake, ndiyo kwanza limekatwa. Akachukua inchi za kifua, akachukua za kiuno, akaziweka tarakimu hizo nne. Hakuziandika popote. Nikisahau, alijiambia, mama si yupo? Nitampima tena.

Mwezi haukuisha, mama akaanguka jikoni. Kiharusi kilimwachia uhai, kikaondoka na mkono wa kulia na maneno yote.

Tangu hapo, kila jioni kabla ya kumwogesha, Pindo alisimama kwenye bomba la uani, akaweka simu sikioni na kusikiliza ujumbe mmoja, wowote. Hapo ndipo alipopata nguvu ya kurudi ndani. Kidole kilifungua, kwa hiyo namba hakuihitaji. Na sasa, kila alipojaribu kuikumbuka sauti ya mama bila simu, kichwani ilikuja sauti yake mwenyewe. Hilo lilimtisha kuliko kidonda.

Alimketisha mama kitandani, akazungusha futi kifuani. Futi ikazunguka, ikabaki ndefu mkononi. Hakuhitaji kusoma, vidole vilimwambia kwamba huyu aliyemkumbatia ni mwingine, mdogo. Akasoma hivyo hivyo, akaziingiza tarakimu. Simu ikakataa. Akaongeza kidogo, ikakataa. Akabahatisha mpaka ikamfungia na kumwambia asubiri. Mama alimtazama tu, jicho moja likitoa maji kama kawaida yake siku hizi.

Fundi simu wa chini ya ngazi aliigeuza ile simu kwa upole, kama mtu anayepapasa tumbo linalouma. Akamshauri aache kubahatisha: simu hii imewekwa ijifute yenyewe ikikosewa sana, na nafasi iliyobaki ni moja. Afadhali aiflashi, itoke kama mpya.

"Na sauti zilizomo?"

"Dada yangu, hizo ndizo nitakazofuta."

Pindo aliichukua simu yake bila kuaga.

Kazini, Redio hakujua aweke wapi uso. Akitaka kumliwaza, akaanza kuigiza yale ya paka, na mkono kiunoni, na ile pumzi ndefu ya mama kabla ya neno kali.

"Nyamaza," Pindo akasema.

"Lakini shoga, si ndivyo alivyokuwa akisema?"

"Siyo hivyo."

Akainamia cherehani asionekane. Hakuwa na hakika kama siyo hivyo.

Jioni alimvua mama gauni lile lile alifue. Alikuwa amelipunguza baada ya ugonjwa. Lilipogeuka ndani nje, kiganja chake kikapita kwenye mshono wa ubavu, kikahisi unene. Kitambaa kilichozidi kilikuwa humo. Nguo ya mgonjwa huipunguzi kwa mkasi. Ziada unaikunja ndani, mtu akinenepa nguo imfuate. Alikuwa amekikunja kwa matumaini, kisha matumaini yakachakaa, akasahau.

Akachukua wembe. Akafumua ubavu mmoja, akafumua wa pili, akaiwasha taa ya cherehani yake ya nyumbani na kuisogeza. Mstari wa mshono wa zamani ulikuwepo, vitundu vidogo vya sindano vimejipanga kama nyayo za sisimizi. Akalitandaza gauni, akapima kutoka vitundu hadi vitundu, mbele na nyuma, kifuani kisha kiunoni.

Lakini hicho kilikuwa kipimo cha nguo. Cha mwili ni pungufu, kwa ile nafasi ambayo mshonaji humwachia mtu apumue. Kiunoni alijua ameacha kiasi gani. Kifuani alisita. Je, alimwachia mama nafasi ya kila mteja, au zaidi? Mama hakupenda nguo imshike. Lakini lile lilikuwa gauni la kutokea, na mama mwenyewe alitaka lionyeshe umbo, watu wajue bado yumo.

Akatoa nafasi ya kawaida. Akabonyeza tarakimu kwa kidole cha mkono wa kushoto, polepole, na ya mwisho aliibonyeza amefumba macho.

Simu ikafunguka.

Hakungoja afike uani. Akabonyeza ujumbe wa kwanza uliokutana na kidole chake, na chumba kikajaa.

"Wewe mtoto, sabuni umeniletea nusu mche, nusu nyingine umemwogeshea nani? Njoo mapema. Mlango siufungi."

Mama, chini ya shuka, aligeuza kichwa. Pindo akaogopa kwamba amemuumiza, akawahi kuzima. Mkono wa kushoto wa mama ukatoka, ukagonga godoro, ukagonga tena. Pindo akairudisha sauti mwanzo na kuilaza simu juu ya mto, karibu na sikio. Midomo ya mama ikaanza kuyafuata maneno yake mwenyewe, nyuma kidogo, bila kuyafikia. Ujumbe ulipokwisha midomo ilikuwa bado inatafuta. Akagonga godoro.